Mwezi uliopasuka kwa riwaya yangu: fizikia inanikataza ama niendelee tu?

kalamu_ya_Kayole

Wasee habari zenu. Niko na swali na najua hapa kuna watu wa nyota, watu wa vitabu na wale wa kubishana tu, wote karibuni.

Naandika riwaya ya fantasia kwa Kiswahili, ulimwengu ni wa kubuni kabisa, hakuna Kenya humo, lakini watu wanakula mihogo na wanasafiri kwa majahazi juu hayo ndio naweza kuandika bila kudanganya. Ulimwengu huo ulikuwa na mwezi mmoja, jina lake Kaure. Miaka 300 kabla ya hadithi kuanza Kaure ilipasuka. Sai usiku ukiangalia juu unaona kipande kikubwa wanakiita Mzazi, kimemeguka upande mmoja mpaka ndani kabisa, alafu nyuma yake kuna msururu wa vipande vidogo, Vigae, vinaifuata angani. Mara moja moja kigae kinaanguka, na kikianguka bei ya chuma inashuka sokoni manake wahunzi wa huko hawana machimbo, chuma chao chote kinatoka juu.

Hekaya ziko tatu mpaka sasa. Mabaharia wa mji unaitwa Mwambakuu wanasema Kaure alikuwa mwari aliyeposwa na Jua akakataa, mahari ilikuwa ishaliwa, ndugu zake wakamvuta huku na huku mpaka akakatika. Wafugaji wa bara wanasema ni kibuyu cha maziwa cha Mungu na kuna mtoto alikirushia jiwe, na mpaka leo kila kabila linasema huyo mtoto alikuwa wa kabila lile lingine. Wahunzi nao wanasema hakujawahi kuwa na mwezi mzima, hio ni stori ya wazee wanaopenda kusema zamani kulikuwa kuzuri. Hii ya wahunzi ndio naipenda zaidi.

Sasa shida. Kuna rafiki yangu ananisomea kazi kabla sijaituma popote, amenirudishia sura za kwanza akiwa na mambo mawili. La kwanza, ati mwezi hauwezi kupasuka ukakaa hivyo miaka 300, fizikia haikubali. La pili, hekaya zangu ni za kupamba, ukizitoa hadithi inaendelea vile vile bila hata mtu kujua kuna kitu kimetolewa. La kwanza sijali sana lakini la pili limeniuma juu nikiangalia ni ukweli mtupu, wahusika wangu wanasimuliana hizo stori usiku kwa moto alafu asubuhi wanaendelea na safari na hakuna kitu imebadilika.

Mngefanyaje?

fundi_darubini

Sema kalamu. Nimekusoma nikiwa kwa matatu ya Rongai nikapita steji yangu, kwa hivyo hio ni sifa tayari.

Rafiki yako ako na pointi. Kitu cha mawe kikishapita upana wa kilomita mia kadhaa, uzito wake wenyewe unakivuta kuwa duara, hakina ruhusa ya kukaa kimemeguka. Mwezi wetu una upana wa kilomita 3,474. Ukiumega mpaka ndani vile umesema, kuta za hilo pengo zingeporomoka zenyewe. Na vile vipande, kile ambacho hakikutoka kwa kasi ya zaidi ya kilomita 2.4 kwa sekunde kinarudi kuugonga mwezi huo huo. Vilivyopita hio kasi vinatawanyika kuzunguka dunia na polepole Mzazi anavizoa au vinaanguka. Yaani Kaure inajiponya. Na haingoji miaka 300, sehemu kubwa ya hio kazi inaisha haraka sana, kovu linabaki lakini pengo linazibika.

Njia ya kwanza ya kutoka hapo, fanya Kaure iwe ndogo na karibu. Kati ya miezi ya sayari ya Mars kuna mmoja unaitwa Phobos, upana wake ni kilomita 22 hivi, hauna hata umbo, na uko kilomita 6,000 tu juu ya ardhi. Unaizunguka Mars kwa masaa saba na nusu na kitu, haraka kuliko Mars yenyewe inavyojizungusha, kwa hivyo ukisimama huko chini unauona ukichomoza magharibi na kuzama mashariki. Hebu fikiria hekaya za watu ambao mwezi wao unatembea kinyume na kila kitu kingine angani. Na unashuka, karibu mita mbili kila miaka 100, mwisho wake ama uanguke ama uvunjwe uwe pete.

Njia ya pili ndio hio ya pete. Kuna umbali ambao mwezi ukiusogelea, dunia inauvuta upande wa karibu kwa nguvu kushinda upande wa mbali mpaka unachanika. Kwa dunia yetu na mwezi wetu ni karibu kilomita 18,000 kutoka katikati ya dunia, na saa hii mwezi uko kilomita 384,400 na unazidi kwenda mbali sentimita 3.8 kila mwaka, kwa hivyo msikimbie. Lakini si nadharia, tumeona ikifanyika. Kometa ya Shoemaker-Levy 9 ilipita karibu sana na Jupiter mwaka 1992 ikakatika vipande zaidi ya ishirini, vikajipanga mstari mmoja mrefu angani, alafu Julai 1994 vikaanza kuigonga Jupiter kimoja kimoja kwa siku kadhaa. Huo msururu wako wa Vigae ndio huo.

Lakini mimi nikiwa wewe singechukua hata moja kati ya hizo mbili. Ningebaki na Mzazi vile alivyo, mkubwa na aliyemeguka, alafu ningechukua hii fizikia niifanye iwe siri ya kitabu. Mwezi ukivunjika unajirudia wenyewe. Wa kwako haujarudi miaka 300. Kila mtu kwenye hadithi yako anauliza nani alivunja na hakuna hata mmoja anauliza nani anauzuia usipone. Hilo ndio swali.

Jirani_wa_Pipeline

Nyinyi watu. Mtu amesema FANTASIA. Kuna uchawi. Mwezi umepasuka juu mwandishi amesema umepasuka, nani anasoma riwaya akiwa na kalkuleta?

Na mkitaka hekaya angalieni hapa nyumbani. Desemba 30, 2024 pete ya chuma ilianguka kijiji cha Mukuku, Makueni, karibu kilo 500, upana mita mbili unusu. Kabla watu wa shirika la anga za juu hawajasema ni kipande cha roketi, grupu zetu za WhatsApp zilikuwa zishamaliza kazi, wengine ni dalili ya mwisho wa dunia, wengine ni silaha, mjomba wangu yeye alitaka kujua tu kilo ya chuma chakavu ni ngapi sai. Hakuna aliyengoja fizikia.

fundi_darubini

@Jirani mjomba wako ndio muhunzi wa hio riwaya, kalamu mchukue.

Na sijasema aondoe uchawi. Nimesema uchawi ufanye kazi inayoonekana. Kushikilia vipande vya mwezi visirudiane ni kazi ya kila usiku, lazima kuna mtu anailipia.

bintiKizingitini

Salaam aleikum nyote. Mimi naishi Nairobi lakini nimezaliwa visiwani kwa hivyo niruhusuni niongee mambo ya maji juu naona mmekwenda angani mkasahau bahari, na kaka kalamu una mji wa mabaharia.

Kwanza hilo la maji kujaa na kupwa. Nimeuliza watu wanaojua wakaniambia ikiwa vipande vyote bado viko pamoja pale pale mwezi ulipokuwa, maji hayajui kama umevunjika, uzito ni ule ule na umbali ni ule ule. @fundi utanisahihisha. Lakini ikiwa vimetawanyika vikawa pete, basi mvuto wa mwezi unaozunguka umekwisha, limebaki jua peke yake, na jua nguvu yake kwa maji haifiki hata nusu ya ile ya mwezi. Maana yake hakuna bamvua tena, yale maji makubwa ya mwezi mchanga na mwezi mpevu. Kaka sijui kama unaelewa hilo ni jambo zito kiasi gani. Wakati wa bamvua maji yanatoka mbali mpaka mwamba unabaki wazi, na hapo ndipo kina mama wanashuka na vijiti vya chuma kutafuta pweza, anachomeka tundu moja moja, akiona maji yamechafuka kidogo kwenye tundu anajua yumo. Maji yakiwa mafu, yale yasiyotoka mbali, hawaendi, mwamba hauonekani. Ukiondoa bamvua umeondoa riziki ya wanawake wa mji mzima, na mikoko nayo ile ya juu ambayo hupata maji kwa bamvua tu inakauka. Na sasa hivi maji yanachelewa kila siku kama dakika 50 hivi, ndio maana kila nahodha anahesabu kichwani. Jua likibaki peke yake maji yatajaa kila siku saa ile ile, mwaka mzima. Nahodha hahitajiki tena kujua kitu. Kuna kizazi kizima cha wajuzi kimebaki bila kazi na hao ndio wanaotunga hekaya za uchungu kaka, si watu waliokaa tu kwa moto.

Pili, kalenda. Hapa ndipo nakuona umeacha dhahabu chini. Mwezi wa angani ni siku 29 na nusu na kidogo. Hakuna nusu siku, kwa hivyo kila mwezi lazima mtu aseme huu ni wa 29 au ni wa 30, na anasema hivyo kwa kuona hilali imeandama. Wewe mwenyewe unajua kila Ramadhani inavyokuwa, umeonekana, haujaonekana, umeonekana nchi gani, sisi tufuate huko au tuangalie wetu, na hapo mwezi ni mmoja na mzima! Sasa nipe watu wenye mwezi uliomeguka na vipande vinavyong'aa pembeni yake. Nani ataapa kwamba alichokiona ni hilali na si kigae?

Na huyo atakayepewa kuamua ndiye atakayekuwa tajiri. Kodi ni ya mwezi. Deni ni la mwezi. Eda ya mjane ni miezi minne na siku kumi. Mfanyakazi wa jahazi analipwa kwa mwezi.

kalamu_ya_Kayole

Dada hapo kwa eda nimesimama nikatembea kidogo kwa nyumba nikarudi.

Wacha niulize, kama watu hawauamini tena mwezi, si wangehamia tu kuhesabu jua? Mwaka wa jua haujavunjika.

bintiKizingitini

Wangeweza, na hata sisi tulikuwa na zote mbili. Miezi ya mwandamo tunaihesabu kuanzia baada ya Ramadhani, mfungo mosi, mfungo pili, unakwenda hivyo, Maulidi yanaangukia mfungo sita, mpaka mfungo tisa ndipo unaingia Rajabu, Shaabani na Ramadhani yenyewe. Lakini wakulima na mabaharia walikuwa na mwaka mwingine wa jua, siku 365, unaanzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya, na unagawanywa kwa miongo, kila mwongo siku kumi, kwa ajili ya kujua pepo za kusi na kaskazi zinakuja lini na upande nini lini. Makunduchi kule Zanzibar mpaka leo wanasherehekea Mwaka Kogwa kila Julai.

Mwaka wa mwandamo ni mfupi kuliko wa jua kwa siku 11 hivi. Mdeni anataka hesabu ya jua. Mdai anataka ya mwezi. Umeshapata vita yako bila hata upanga.

fundi_darubini

Sina cha kusahihisha hapo kwa maji, iko sawa kabisa. Naongeza tu kitu kimoja juu ya pete, juu kalamu naona bado hujaamua na hii watu wengi wanakosea hata kwa picha.

Pete ingezunguka juu ya ikweta. Sisi Nairobi tuko digrii moja na kitu kusini ya ikweta, kwa hivyo hatungeona upinde mkubwa mzuri vile wachoraji wanapenda. Tungeiona kwa ubavu. Pete za Zohali, yaani Saturn, ni pana kupindukia lakini unene wake sehemu nyingi ni makumi ya mita tu, kwa hivyo mtu wa ikweta angeona mstari mwembamba unaong'aa, kutoka mashariki hadi magharibi ukipita karibu na utosi, basi. Mtu wa Cairo ndio angeona upinde mpana umekaa upande wa kusini. Dunia moja, kitu kimoja, na hao watu wawili wakikutana bandarini hawawezi kukubaliana hata umbo lake. Mmoja ana hekaya ya uzi, mwingine ana hekaya ya daraja, na kila mmoja anaona mwenzake ni mjinga juu yeye ameona kwa macho yake.

Alafu kivuli cha dunia kingekata hio pete usiku, sehemu nyeusi inatembea kutoka mashariki kwenda magharibi, usiku wa manane iko juu ya kichwa. Soja wa geti hahitaji saa.

MezaYaDadi

Nimefika nimechelewa lakini hii ndio aina ya uzi nimekuwa nikingoja hapa. Mimi huendesha gemu za kuigiza na dadi, tunakutana South B kwa rafiki, na nimeua dunia nyingi za kubuni kwa sababu ile ile rafiki ya kalamu amesema: mchezaji hajali nani alivunja mwezi. Wewe mwandishi umeandika kurasa arobaini za miungu wakipigana na yeye anauliza, je, hiki kipande naweza kukiuza?

Kwa hivyo mimi huanzia kwa kitu mhusika anaweza kushika. Kalamu, mpe mhusika wako kigae mkononi ukurasa wa kwanza. Na usibuni tu ovyo, kuna mawe halisi. Julai 16, 2011 kimondo kilianguka Thika, hapa karibu tu, mawe yakaingia kwa mashamba ya watu. Mawe ya aina hio nje yana ngozi nyeusi nyembamba juu ya kuungua yakipita hewani, ukilivunja ndani ni kijivu na kuna chembe za chuma zinameta, sumaku inashika. Ni kizito kuliko kinavyokaa kwa macho. Hizo ni dalili ambazo muhunzi wako anazijua kwa vidole na kuhani hazijui kabisa.

Hekaya ziwe tatu sawa, lakini kila moja iwe na kitu kimoja ambacho ile nyingine haiwezi kueleza. Na msomaji asiambiwe ipi ni ya kweli, aachiwe ushahidi.

fundi_darubini

@MezaYaDadi hapo kwa chuma kuna kitu kitamu sana na sijui kama kalamu alikipanga.

Mwezi wetu hauna chuma kingi. Kiini chake ni kidogo, kama kilomita 350 kutoka katikati, na mwezi wenyewe kutoka katikati hadi juu ni kilomita 1,737. Huko juu ni mawe ya kawaida na miamba ya volkano iliyoganda. Ukiupasua mwezi wa aina hio, mawe yatakayoanguka kijijini ni mawe tu, muhunzi atayatupa. Kwa hivyo wahunzi wa Mwambakuu wakipata chuma, kuna mambo mawili tu yanawezekana. Ama Kaure ilipasuka hadi kiini, ambayo ni nguvu ya kutisha, ama hicho chuma hakikuwa cha Kaure kabisa, ni cha kile kitu kilichoigonga.

Chuma cha vimondo kiko na nikeli. Kisu kimoja alichozikwa nacho Tutankhamun kilipimwa, majibu yakatolewa 2016, kina nikeli ya kutosha kuonyesha kilitoka angani. Muhunzi wako hana maabara lakini anajua hiki hakishiki kutu haraka, hiki kinagonga tofauti. Sasa mpe muhunzi mmoja mwenye akili aliyeanza kupanga vigae kwa mafungu mawili kwa nyumba yake, fungu la mawe na fungu la chuma, na asiwe na ujasiri wa kusema kwa sauti anachofikiria.

Jirani_wa_Pipeline

Sawa hapo mmenipata. Huyo muhunzi auawe sura ya ngapi?

MezaYaDadi

Asiuawe! Kila mtu mwenye akili kwa hizi riwaya anauawa. Afukuzwe tu kwa chama cha wahunzi, bei ya mkaa wake ipandishwe. Inauma zaidi na tunabaki naye.

kalamu_ya_Kayole

Wasee nimesoma yote, usiku stima ilipotea nikaendelea kwa simu mpaka chaji ikaisha.

Nimeamua hivi. Pete hapana, nabaki na Mzazi aliyemeguka. Kwa hivyo maji ya bahari yanabaki vile yalikuwa, bamvua iko, na dada hao kina mama wa pweza wanaingia kwa kitabu, mmoja ni mhusika mkuu sasa, yule kijana wangu wa upanga nimemshusha cheo. Kuna chama kinaitwa Washika Siku. Walianza kama watu wema kabisa, mwaka ule Kaure ilipasuka watu walipotea kabisa kwa hesabu, hawa wakajitolea kutangaza mwezi kwa ngoma, bure. Baada ya vizazi kadhaa hakuna mkataba mjini bila ngoma yao. Na vipande vikaanza kurudiana, polepole, kila mtu angeona mwezi mzima tena angehesabu mwenyewe darini kwake. Hapo ndipo mtu fulani ndani ya chama akafanya alichofanya. Nani na kwa njia gani siwaambii, nunueni kitabu.

Zile hekaya tatu zinabaki lakini sai kila moja ina mwenyewe. Ile ya mwari na mahari ni Washika Siku wanaipenda na kulipia waimbaji waiimbe, juu inasema lawama ni ya familia na mambo yaliisha zamani. Ya kibuyu inagawanya wafugaji wasikutane. Ile ya wahunzi, kwamba hakujawahi kuwa na mwezi mzima, hio nimegundua ndio hatari kuliko zote na ndio chama kinaipenda kimya kimya. Kama hakujawahi kuwa mzima, hakuna cha kurudisha.

Nimeandika kipande kidogo cha sura mpya ya kwanza, ni rasimu, msinihurumie:

Mwanaidi alipanda darini na kodi ya jahazi imefungwa kwenye pindo la kanga, haijatimia. Alikuwa ameihesabia siku thelathini. Magharibi, juu ya mikoko, hilali zilikuwa mbili. Moja pana, yenye pengo katikati, ya Mzazi. Nyingine nyembamba na safi, na safi kuliko inavyopasa, kigae kilichogeuka kikashika jua. Akaomba ngoma isipigwe. Ikapigwa mara moja: mwezi umekwisha, ishirini na tisa. Aliposhungulia uani mwenye jahazi alikuwa tayari amekaa kwenye kigoda, anapiga mswaki taratibu, kofia ameiweka gotini.

MezaYaDadi

Hii sasa naisoma. Ondoa "na safi kuliko inavyopasa", unatueleza. Na ni "alipochungulia". Kofia gotini iache hapo hapo.

fundi_darubini

Kitu kimoja cha angani kabla hujaganda kwa hio picha. Hilali ya kwanza inakaa karibu sana na jua na inazama muda mfupi baada ya jua. Kigae chako kikiwa kwenye msururu ule ule nyuma ya Mzazi, hakitazama naye sawa. Kwa hivyo mtu mvumilivu akikaa darini mpaka mwisho anaweza kujua kipi ni kipi, kwa kuangalia kipi kimetangulia kuzama. Mwanaidi anaweza kulijua hilo. Washika Siku wanategemea watu wameshuka kula.

bintiKizingitini

Mashallah kaka, nimempenda. Nina moja tu kwa mwenye jahazi wako.

Mwezi unapoandama maji huwa ya bamvua. Kwetu siku hizo maji yanajaa alasiri, ikifika magharibi yanatoka kwa kasi, saa nne usiku jahazi liko juu ya tope limelala ubavu, na mpaka maji yarudi kuliinua ni usiku wa manane umepita. Kwa hivyo Mwanaidi hata akitaka kutoroka na jahazi usiku ule, hawezi, saa ya ngoma ndiyo saa maji yanamkimbia. Mwenye jahazi analijua hilo tangu utotoni. Ndio sababu amekuja na kigoda chake na hana haraka. Liweke, lakini usilieleze kwa maneno mengi, mtu wa pwani ataliona mwenyewe na wa bara utamwonyesha tope.

kalamu_ya_Kayole

Naichukua vile ilivyo. Na huyo mwenye jahazi nilikuwa sijampa jina, Jirani uliza mjomba wako kama ana shida.

Jirani_wa_Pipeline

Anauliza ni pesa ngapi.